Barua kwa mwanangu: ule msimu wa vita

Mwanangu mpenzi,

Marahaba. Mama yako hajambo, ila goti ndilo linalomsumbua. Umeiona picha ya timu yetu ya chuo ukutani kwa shangazi yako, ukaniuliza: baba, hamkuona aibu kucheza mpira na wenzenu wanakufa Kagera? Nitakujibu. Kwanza nikueleze nilivyopata namba, maana bila hilo hutanielewa.

Tazama tena picha hiyo. Yule aliyechuchumaa pembeni na shati la kawaida, kashika mpira, ndiye mimi. Jezi hazikututosha sisi wa akiba. Beki tatu mwenyewe, yule wa kushoto niliyekuwa akiba yake, ni yule mrefu aliyesimama nyuma ya mwalimu wa michezo. Alikuwa mpishi. Siku hizo timu ya chuo haikuwa ya wanachuo peke yao. Golikipa wetu alikuwa dereva wa lori la chuo, na hakuna aliyelalamika, kwa sababu vyuo vyote vilifanya hivyo hivyo.

Namba kumi alikuwa kijana wa kutoka ng'ambo ya Kyaka. Tukimwita Omondi. Machi 1978 Uganda ilifika fainali ya Kombe la Mataifa ya Afrika kule Accra, na Philip Omondi wao alikuwa gumzo kwenye kila redio. Ghana iliwafunga 2-0, lakini jina likamganda kijana wetu. Mwishoni mwa Oktoba majeshi ya Amin wa Uganda yakavuka mpaka, siku chache baadaye daraja la Kyaka likalipuliwa. Chuoni hakuna aliyetoa amri yoyote, ila kuanzia wiki ile sikumsikia tena mtu akimwita Omondi. Yeye alikuwa hajui kama wazazi wake waliwahi kuvuka Mto Kagera. Alikuja mazoezini, akakaa chini ya mwembe, akakataa kuvaa njumu. Kazi aliyoikubali ni kuziba blada ya mpira: anasugua raba kwa msasa, anapaka sulesheni, anapuliza mpaka ikauke, anabandika kiraka. Mpira ulikuwa mmoja na blada ilikuwa viraka vitupu. Kukiwa na mechi alijaza upepo kwa pampu ya baiskeli, halafu akarudi mwembeni kwake.

Tarehe 2 Novemba tulijazana bwaloni kumsikiliza Mwalimu Nyerere redioni. Uwezo wa kumpiga tunao, sababu ya kumpiga tunayo, na nia ya kumpiga tunayo. Ninyi mnayajua maneno hayo ya kwenye mabango. Sisi yalituondolea timu. Mpishi alikuwa mgambo, akaitwa. Lori likachukuliwa na jeshi, golikipa akiwa kwenye usukani. Mwalimu wa michezo akanirushia jezi namba tatu, inanuka moshi wa kuni, akasema, "Vaa."

Nimekwambia tangu uko darasa la tatu, na unacheka kila mara: timu ni wachezaji wa akiba. Wale kumi na mmoja wa kwanza kila mtu anao. Msimu ule tulicheza na golikipa ambaye hajawahi kudaka hata embe, na bado tulishinda mechi ambazo kikosi cha kwanza kingetoka sare. Ulikuwa msimu wangu bora. Unaona sasa kwa nini sijibu swali lako haraka?

Halafu ile Jumatano, 11 Aprili 1979. Tunacheza na chuo cha kina mama yako, bila bila, kipindi cha pili kinayoyoma. Kona. Golikipa wao akautema mpira, ukanikuta mimi beki tatu ambaye sikuwa na kazi yoyote huko mbele. Nikaupiga kama ulivyokuja. Goli! La kwanza maishani, na la mwisho pia. Hata hatujarudi katikati, mtu akaingia uwanjani na redio kichwani anapiga kelele: Kampala imetekwa! Watu wakamiminika, refa naye akiruka na kipenga chake mfukoni. Hakupuliza tena. Wiki iliyofuata ikaamuliwa mechi haikuisha, irudiwe. Tukarudia, tukafungwa mbili.

Sasa niambie, ni mtu gani anayelilia goli siku Kampala imetekwa? Nilishangilia, nikabebwa, nikambeba mwingine. Lakini usiku nilikuwa nawaza goli langu. Na sio kwamba nchi nzima iliacha mpira. Mwaka huohuo Simba ilipigwa 4-0 na Mufulira Wanderers hapa Dar, ikaenda Zambia ikashinda 5-0, na hakuna aliyewauliza kama wanaona aibu. Ingawa Simba hawakuvaa jezi ya mtu aliyeko mstari wa mbele. Hapo unanishinda mwenyewe, sina hoja.

Golikipa alirudi, lori halikurudi. Omondi aliwapata wazazi wake Biharamulo. Mpishi hakurudi. Unakumbuka tulipokwenda harusi ya binamu yako Bukoba, nikasimamisha gari Kaboya penye makaburi ya mashujaa, ukalalamikia jua? Nilikuwa namtafuta yeye.

Angerudi, jezi ningemrudishia siku hiyohiyo. Ningemrudishia kwa moyo mweupe? Ukinibana sana nitasema… hapana, usinibane. Timu ni wachezaji wa akiba, nashikilia hapo. Aibu ipime wewe, umesoma kuliko mimi, ila ukishapima usiniletee jibu kabla ya Idi, nikae kwanza na wajukuu kwa raha.

Mama yako amesoma barua hii juu ya bega langu. Anasema niliotea. Tangu 1979 anasema hivyo, na siku ile alikuwa amekaa upande wa goli la pili kabisa, amepigwa na jua usoni. Sikuotea. Beki wao namba mbili alikuwa amesimama kwenye mlingoti.

Baba yako