Unataka kutoa kitabu cha picha za mandhari na majengo ya kale? Anza na jiwe

Wadau wa picha, kuna swali naulizwa kila mara na watu wenye kamera nzuri na diski iliyojaa: nina picha kibao za milima, maziwa na majumba ya zamani ya eneo fulani, nataka nitoe kitabu, nianzie wapi? Na mara nyingi mtu akishakutumia hizo picha unakuta ni kali kweli, machweo yapo, ukungu wa asubuhi upo, ngome imewashiwa taa jioni ipo, lakini ukizipanga zote pamoja unapata kalenda. Kalenda hakuna anayeuliza Machi inahusiana vipi na Aprili. Kitabu mtu akifungua ukurasa mkono wake uwe tayari unautafuta unaofuata.

Mi nimekaa zaidi upande wa kupanga hivi vitabu kuliko upande wa kupiga, yaani naletewa mafaili, naambiwa panga, na kitu ambacho nimekiona kinaokoa kitabu kuliko lenzi yoyote ya bei mbaya ni hiki: mandhari na majengo yasiwekwe kwenye sura mbili tofauti. Wengi wanagawa nusu kwa nusu, mwanzoni milima na mito, nyuma huko makanisa, misikiti, ngome na majumba ya wakubwa, kama vile hivyo vitu havijuani. Wakati jengo la zamani karibu kila mahali limetoka kwenye ardhi ile ile unayoiona kwenye picha ya mlima, maana enzi hizo hakukuwa na lori la kuleta saruji kutoka mbali, mtu alijenga kwa kilichokuwepo, na kilichokuwepo ndo kikaamua ukuta uwe mnene kiasi gani, paa liiname vipi na chumba kiwe na upana gani.

Chukua Great Zimbabwe, ule mji wa kale wa mawe kule Zimbabwe. Vilima vya granite vinavyoizunguka vinachomwa na jua mchana, vinapoa usiku, jiwe linabanduka lenyewe tabaka kwa tabaka, na waliojenga pale kati ya karne ya 11 na ya 15 wakayachukua hayo mabamba, wakayavunja vipande vinavyoshikika mkononi, wakayapanga bila udongo wala chokaa ya kushikiza, hadi sehemu nyingine ukuta ukafika kama mita 11 kwenda juu. Sasa ukiweka ukurasa wa kushoto picha ya kilima kinachobanduka, uipige kwa karibu ili zile tabaka zionekane, alafu kulia ukuta wenyewe, msomaji anaelewa kabla hajasoma neno lolote. Ukiweka ukuta peke yake ukurasa wa 80 na kilima ukurasa wa 12, umempa picha mbili nzuri basi.

Au msikiti mkuu wa Djenné kule Mali, huu uliopo sasa ni wa mwaka 1907, wa udongo mtupu. Kila mtu anaupiga kwa mbele, jua la jioni, umetulia. Lakini udongo wake umetoka kwenye tambarare ya mto Bani pale pale, mvua kila mwaka inaula ukuta kidogo kidogo, na watu wa mji kila mwaka wanaupaka upya, na ile miti ya mvumo inayochomoza ukutani ambayo watalii wanadhani ni pambo ndo ngazi yao ya kupandia. Kitabu kisicho na mto na kisicho na watu waliochafuka matope mpaka kwenye nyusi kimeonyesha nusu ya jengo, hata kama picha yake ya mbele ni bora kuliko zote zilizowahi kupigwa.

Japani kuna vijiji vya Shirakawa-go, nyumba zenye mapaa makubwa ya nyasi yaliyosimama karibu nyuzi 60, viliingia kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 1995. Ukivipiga kiangazi, kijani kila mahali, lile paa linaonekana urembo tu. Theluji ikianguka ndo unaona kwanini limesimama vile, likiwa tambarare lingebomoka. Na nyumba za mawe za Lamu na Zanzibar, kuta za matumbawe na chokaa, dari za boriti za mikoko, vyumba virefu lakini vyembamba, kwa sababu boriti ya mkoko haivuki sana mita 3. Hapo picha ya mikoko kwenye maji kupwa inatakiwa ikae jirani na picha ya dari, sio kwenye sura ya "fukwe".

Kwa iyo kabla hujapiga picha nyingine hata moja, tafuta ramani ya miamba ya eneo lako, ikae mezani. Jua jiwe gani linatoka wapi, machimbo ya zamani yako wapi (machimbo yenyewe yanatoa picha nzuri ajabu na hakuna anayeyapiga), mbao za milango zilikuwa za mti gani, maji yanashukia upande gani. Kisha andika orodha ya jozi: kitu cha ardhini, na jengo lililotoka humo. Ukipata jozi ishirini hivi kitabu unacho, hata kama nusu ya picha hujazipiga bado.

Kwenye upigaji wenyewe sitakaa sana, mafunzo yamejaa mtandaoni. Ila mistari ya wima ya jengo ikae wima, tafadhali. Ukiinua kamera kutafuta kilele cha mnara, mnara unaegemea nyuma, kwenye simu hata huoni, kwenye karatasi ya sentimita 30 inaudhi. Rudi nyuma, au panda juu kidogo kwenye jengo la mkabala, au tumia lenzi ile inayosogea juu bila kamera kuinama, au acha nafasi ya kutosha pembeni mwa fremu ili ukinyoosha kwenye kompyuta usikate kitu. Jua nalo lina akili zake: ukuta unaotazama kaskazini kwenye nchi za mbali kaskazini mwa ikweta karibu hauoni jua mwaka mzima isipokuwa asubuhi sana na jioni sana za kiangazi, ukienda mbali kusini ni ukuta wa kusini ndo unaonyimwa, karibu na ikweta inategemea mwezi. Ukuta wa hivyo usiusubirie mwanga wa dhahabu, haufiki, upige siku ya mawingu. Bernd na Hilla Becher, wale wa Ujerumani walioanza kupiga minara ya maji na viwanda mwaka 1959, walikuwa wanalitaka wingu kabisa, mwanga sawa kila upande, kivuli kisifiche umbo. Mwanga wa pembeni uache kwa ajili ya nakshi na mawe yenye mikwaruzo.

Droni itumie kwa adabu. Picha mbili tatu za juu zinaonyesha mji umekaaje kwenye bonde lake, sawa kabisa, lakini zikizidi msomaji anachoka kwa sababu hakuna binadamu anayeishi angani, na milango yote imepotea.

Alafu piga upande wa nyuma. Hapa ndo nabishana na wapiga picha karibu kila kitabu, wao wanataka uso wa jengo, mi naomba ngazi, bawaba, mfereji wa maji, ukuta wa jikoni wenye moshi. Eugène Atget, mpiga picha Mfaransa, alizunguka Paris miaka mingi akipiga ngazi, vigonga milango, vyumba vya maduka, nyua za ndani, vitu ambavyo wenzake waliviona havina hadhi, na mwaka 1920 aliiuzia serikali ya Ufaransa negativu zaidi ya 2,600, na leo mtu akitaka kujua Paris ya zamani ilikuwaje anaenda huko. Na Warsaw baada ya vita kuu ya pili mji mkongwe ulikuwa kifusi, ukajengwa upya kwa msaada wa michoro ya majengo iliyofanywa kabla ya vita na hata michoro ya rangi ya Bernardo Bellotto ya karne ya 18. Ukiwa na picha ya ngazi yenye kipimo pembeni, hata ukuta ukianguka kesho mtu anaweza kujua ngazi ilikuwa na vidato vingapi na imekata kona wapi.

Kuchagua ndo kugumu. Usichague kwenye skrini. Chapa picha zote ndogo ndogo, zitandaze sakafuni, pita juu yake siku kadhaa, zile jozi zako zikae pamoja, ukiona machweo manne toa matatu hata kama moyo unauma. Kumbuka pia kiwandani kurasa zinakunjwa kwa mafungu, mara nyingi ya 16, kwa iyo kitabu cha kurasa 128 au 144 kinaeleweka, cha 131 hakipo, usije ukapanga picha ya mwisho ikakosa mahali.

Picha ya kurasa mbili kwa pamoja watu wanaipenda mno bila kupiga hesabu. Kurasa mbili za sentimita 30 ni sentimita 60, ili upate pikseli 300 kwa inchi unahitaji upana wa pikseli kama 7,000, na kamera ya megapikseli 24 inakupa 6,000 hivi. Inakubalika, inatoka kama 250 kwa inchi, ila ukishaikata kidogo tu umeshuka sana. Na katikati panapofungwa pasiwe na mnara wala uso wa mtu, kitabu cha gundi kinameza hapo, cha kushonwa uzi kinafunguka vizuri zaidi, lipia uzi.

Maelezo chini ya picha watu wanayafanya usiku wa mwisho wakiwa wamechoka, matokeo yake ni "uzuri wa asili" na "historia iliyotukuka", maneno ambayo yangekaa chini ya picha yoyote duniani. Andika jina la mahali, jengo limejengwa lini kama inajulikana, kwa jiwe gani, umesimama upande gani unapiga, mwezi na mwaka. Huo mwaka wa picha ndo wa muhimu kuliko vyote na ndo unaosahaulika.

Kuhusu ruhusa, jengo la kale lenyewe mara nyingi halina shida ya hakimiliki maana aliyelibuni amekufa zamani, ila angalia vilivyoongezwa. Mnara wa Eiffel ni wa 1889, mchana piga na uuze, lakini zile taa za usiku zinahesabiwa kazi ya sanaa na ukitaka kuzichapa kibiashara unaomba ruhusa. Ubelgiji mpaka mwaka 2016 hata majengo ya kisasa yanayoonekana barabarani yalikuwa na vikwazo, sheria ikabadilika. Kila nchi ina yake, soma kabla ya kuchapa. Na ndani ya nyumba ya ibada au nyumba ya mtu, omba kwa maandishi, "tuliongea akakubali" haikusaidii kitabu kikishakuwa dukani.

Rangi zitakukera. Skrini inatoa mwanga, karatasi haitoi, na wino nne za kiwandani haziwezi kufikia ile bluu ya anga wala kijani cha majani mabichi unachokiona kwenye kompyuta. Karatasi isiyong'aa inatulia machoni na haileti mwako wa taa, lakini inanywa wino, vivuli vinaziba, kwa iyo viongezee mwanga kidogo kwenye kompyuta kabla hujatuma. Uzito wa karatasi, gramu 150 mpaka 170 kwa mita ya mraba inatosha, chini ya hapo picha ya nyuma inachungulia.

Nakala ya majaribio lazima uilipie, mchapaji akikwambia haina haja tafuta mwingine. Iangalie mchana karibu na dirisha, sio chini ya taa ya njano, kisha mpe mtu ambaye hajawahi kufika huko kwenye picha, usimwambie chochote, mwombe akuonyeshe lile jiwe la ukurasa wa kushoto liko wapi kwenye jengo la kulia. Akibabaika, hiyo jozi ihamishe au iandikie upya, na faili lisitoke kwako mpaka aweze.