Hizo faili za .dll si takataka

Dada, tafadhali usizifute hizo faili za .dll ulizokuta ndani ya System32, folda ya mfumo wa Windows, kwenye kompyuta ya saiba yako hapo Kondele! Ni maktaba ya pamoja ya msimbo: kazi fulani huandikwa mara moja, programu nyingi zikaiazima. Kwa mfano user32.dll hushughulikia madirisha na vitufe unavyobofya. Ukifuta moja, programu kadhaa zinaweza kugoma kwa mpigo.

Hiyo VCRUNTIME140.dll ambayo kompyuta inakuambia haipo huja na kifurushi cha Visual C++ Redistributable, yaani faili ambazo programu nyingi huzihitaji ili zifanye kazi. Kipakue kwenye tovuti ya Microsoft yenyewe, usakinishe cha x86 (cha programu za biti 32) na cha x64 (cha biti 64) pia. Tovuti zinazogawa DLL mojamoja ziepuke kabisa; nimewahi kusafisha virusi vya namna hiyo kwenye mashine ya mteja Nakuru, usiku kucha.