Maswali yenu: Kabla ya nyani wa Rusinga

Mwezi uliopita niliandika kuhusu fuvu la nyani ambalo Mary Leakey alilipata kisiwani Rusinga mwaka 1948, lenye umri wa miaka milioni 18 hivi. Nilitarajia maswali kuhusu binadamu. Wengi wenu mkaniuliza kilichokuwepo kabla: kabla ya nyani, kabla ya samaki, kabla ya chochote chenye macho. Nimefurahi mno, kwa kuwa sehemu hiyo ndiyo ndefu kuliko zote na ndiyo tunayoizungumza kidogo.

Mwalimu, tunafunzwa kwamba mawe ya Kakamega ni miongoni mwa mawe makongwe zaidi nchini. Mbona basi visukuku, yaani mabaki ya viumbe vya kale yaliyohifadhiwa kwenye mawe, viko Rusinga na si huku kwetu? (Mwanafunzi wa kidato cha nne, Kakamega)

Ni kwa sababu ya ukongwe huohuo, kijana wangu. Miamba yenu yenye dhahabu, ile iliyowavuta wachimbaji kutoka mbali kuanzia mwaka 1931, ina zaidi ya miaka bilioni 2.5. Ilipoumbika hapakuwa na mfupa, gamba wala jani popote duniani. Uhai ulikuwepo, ila ulikuwa wa vijidudu vya seli moja. Tena miamba hiyo imebanwa, ikakunjwa na kupikwa kwa joto la ardhini, na alama ndogo kama hizo hazistahimili jiko la namna hiyo. Rusinga ilibahatika: majivu ya volkeno ya Kisingiri yalifukia wanyama na mimea, na hayajasumbuliwa sana tangu hapo.

Lakini usidhani mawe yenu ni bubu. Ukipata nafasi nenda vilima vya Samia kule Busia, nchi ya wahunzi waliosifika kwa majembe. Chuma cha vilima vile kimekaa matabaka matabaka kwa sababu kilituama chini ya bahari, baada ya kuwa kimeyeyuka katika maji yake. Chuma hakiwezi kuyeyuka kwa wingi kwenye maji yenye oksijeni. Hushika kutu kikazama. Kwa hiyo matabaka yale yanatuambia kwamba bahari ya wakati ule ilikuwa karibu haina oksijeni kabisa. Samaki yeyote angekufa humo.

Kama hewa ya zamani haikuwa na oksijeni, hii tunayovuta ilitoka wapi? (Mama wa watoto watatu, Njoro)

Mama, siku ukiwapeleka watoto kuona heroe, wale ndege wanaoitwa pia flamingo, waoneshe na maji yenyewe. Ule ukijani ni wa sianobakteria, vijidudu ambavyo heroe wa aina ndogo huvichuja kwa midomo na ndivyo vinavyowapa rangi ya waridi. Ukiwakosa Ziwa Nakuru, ambako maji yamepanda na chumvi imepungua, jaribu Bogoria.

Mababu wa vijidudu hivyo ndio walioanza kuvunja maji kwa nguvu ya jua na kuiachia oksijeni kama taka. Kwa muda mrefu taka hiyo ilimezwa na chuma pamoja na gesi mbalimbali. Miaka bilioni 2.4 hivi iliyopita ikaanza kubaki hewani. Kila pumzi ya watoto wako ina deni kwa uji ule wa kijani.

Wasomaji wa Kisumu, utando wa kijani unaoonekana Ghuba ya Winam nao mara nyingi ni wa sianobakteria, lakini baadhi ya aina zake hutoa sumu. Tafadhali msiyanywe maji hayo, na msiwape mifugo.

Samaki ninaowauza wana macho, damu na mayai. Nyinyi mnasema mwanzo ilikuwa seli moja. Seli moja iligeukaje kuwa mbuta? (Mchuuzi wa samaki, Dunga)

Hili ndilo swali lililoninyima usingizi, dada yangu, na nitakujibu kwa kirefu.

Kilichochelewa zaidi si samaki. Kilichochelewa ni seli ya aina aliyonayo samaki huyo. Seli ya bakteria ni kama chumba kimoja ambamo kila kitu kimetupwa pamoja. Seli ya mbuta, ya sukuma wiki, ya uyoga na yako wewe ni nyumba yenye vyumba: ina kiini kinachohifadhi maelekezo ya urithi, na ina mitokondria, vinu vidogo vinavyotoa nguvu kwa kutumia oksijeni.

Mitokondria zina DNA, yaani maelekezo ya urithi, yao wenyewe, tofauti na ile ya kwenye kiini, na DNA hiyo inafanana na ya bakteria. Mwaka 1967 mwanabiolojia Mmarekani Lynn Margulis alichapisha hoja kwamba zamani mitokondria zilikuwa bakteria huru zilizoingia ndani ya seli nyingine zikabaki humo. Majarida mengi yalikuwa yameikataa makala yake. Leo hoja hiyo imo katika vitabu vya shule.

Mwenyeji aliyezipokea bakteria hizo alikuwa nani? Mwaka 2015 watafiti walitangaza kwamba matope ya chini ya bahari, kati ya Norway na Greenland, yana DNA ya vijidudu vya kundi la arkea (vya seli moja kama bakteria, ila ni ukoo tofauti) vilivyo karibu nasi kwa undugu kuliko vyote vilivyokuwa vikijulikana. Mwaka 2020 Wajapani wakaonyesha kijidudu cha ukoo huo walichokilea maabara baada ya kazi ya miaka 12. Kina mikono mirefu, na hakiwezi kuishi bila vijidudu jirani wa kula nao. Ninapotazama picha yake naona jinsi mgeni alivyoweza kukumbatiwa hatimaye akawa mtu wa nyumbani.

Baada ya hapo seli zenye vyumba zikajifunza kuishi pamoja na kugawana kazi. Mwani mwekundu mmoja uliopatikana Kanada, wenye zaidi ya miaka bilioni moja, tayari una seli za kushikilia mwamba na seli za uzazi. Samaki wa kwanza wakaja zaidi ya miaka milioni 500 baadaye.

Nimesikia kwamba wanyama walitokea ghafla, bila mababu. Ni kweli? (Mwalimu wa shule ya Jumapili, Kisumu)

Ndivyo ilivyoonekana kwa muda mrefu, na Darwin mwenyewe, mwanzilishi wa nadharia ya mageuzi, alikiri kwamba jambo hilo lilimtatiza. Katika miamba ya kipindi cha Kambria, kuanzia miaka milioni 539 hivi iliyopita, makombe, miguu na macho yanajitokeza kwa wingi. Chini yake palionekana patupu.

Mwaka 1956 msichana wa miaka 15, Tina Negus, aliona alama kama unyoya kwenye mwamba wa Charnwood, Uingereza. Mwalimu wake akamwambia kwamba miamba ya umri ule haina visukuku. Mwaka uliofuata mvulana wa shule, Roger Mason, akaiona alama hiyohiyo, na safari hii mtaalamu akafuatwa. Kiumbe hicho kikaitwa Charnia. Nasi walimu tuisikie habari hii, maana tumezoea kumjibu mtoto kabla hatujatazama alichokiona.

Alama za namna hiyo zilikuwa zimeshaokotwa Namibia na Wajerumani mwaka 1908, na katika vilima vya Ediacara, Australia, mwaka 1946. Ni viumbe laini, vingine kama majani, vingine kama chapati. Kimojawapo, Dickinsonia kutoka Urusi, chenye miaka milioni 558, kilikutwa mwaka 2018 kikiwa na mabaki ya kolesteroli, mafuta ambayo wanyama huyatengeneza. Namibia ina pia Cloudina, mmoja wa wanyama wa kwanza kujijengea gamba.

Kwa hiyo mababu walikuwepo. Walikosa mifupa na magamba tu, na kitu laini huoza haraka. Kuhusu Gabon, ambako miamba ya miaka bilioni 2.1 imetoa maumbo ya sentimita kadhaa, wataalamu bado wanabishana kama ni viumbe au ni madini, na mimi bado sijashawishika kwamba ni viumbe.

Nilipasua jiwe shimoni nikakuta mchoro mweusi kama jani la jimbi. Nimepata kisukuku? (Mchimba dhahabu, Migori)

Ndugu, nasikitika kukuambia kwamba hiyo karibu hakika si mmea. Maji yenye manganizi au chuma hupenya kwenye ufa wa jiwe, na madini yakiganda hutanda kama matawi. Mchoro wa hivyo hufuata ufa, hauna unene, na jani lake halina mshipa. Tena miamba ya dhahabu ya kwenu ina zaidi ya miaka bilioni 2, ilhali mimea ya nchi kavu ina milioni 470 tu. Litunze hata hivyo, ni jiwe zuri.

Umri wa jiwe mnaujuaje? (Mwendesha bodaboda, Nakuru)

Ndani ya baadhi ya mawe mna punje za madini yaitwayo zirkoni, zilizonasa metali ya urani zilipoumbika. Urani hugeuka kuwa metali ya risasi kwa mwendo usiobadilika: aina moja hupungua nusu kila miaka bilioni 4.47, nyingine kila milioni 704. Tunapima urani iliyobaki na risasi iliyozalika, na saa hizo mbili zikikubaliana tunaamini jibu.

Nikiona mfupa wa mawe shambani nifanye nini? (Mkulima, Koru)

Usiuchimbue. Mzee wangu, mfupa uliong'olewa umepoteza nusu ya habari zake, kwa sababu tabaka ulimolala ndilo linalotupa umri. Piga picha ukiwa umeweka sarafu kando yake, tia alama mahali penyewe, kisha toa taarifa kwa Makavazi ya Kitaifa, kama inavyotaka sheria ya mwaka 2006. Wewe uko karibu na Makavazi ya Kisumu. Na mvua ikikaribia, ufunike kwa turubai mpaka wafike.