Ukiachwa, badilisha stesheni

Nyimbo nyingi za kuachana hazimfai mtu aliyeachwa juzi. Zipo za kubembeleza, ambazo ukizisikiliza saa tano usiku utajikuta umeandika ujumbe wa kurasa mbili na umebakiza kuutuma tu. Zipo za kisasi, za kuchoma nguo na kukwaruza gari, nazo hukupa ushujaa wa jioni moja. Asubuhi unaamka na macho yamevimba vilevile. Mimi nilipoachana na mtu niliyedhani tutazeeka pamoja, wimbo ulionifaa ulikuwa wa kantri, tena wa taratibu: "A Little Bit Stronger" wa Sara Evans, mwimbaji wa Marekani.

Sisi tuliokulia Bonde la Ufa hatuhitaji kutambulishwa kwa kantri. Jumapili mchana redio ilikuwa ya Jim Reeves, Don Williams na Kenny Rogers, na hata leo Nairobi tunaye Sir Elvis na kofia yake pana. Kwa hiyo gitaa halikunishangaza. Kilichonishika ni kwamba wimbo huu hauahidi makubwa. Unaahidi nguvu kidogo tu, na mtu aliyeumia anaweza kuamini kidogo.

Ulitoka Septemba 2010 na kuingia katika albamu ya nyimbo za filamu ya Country Strong. Waliouandika ni Luke Laird, Hillary Lindsey na Hillary Scott, yule mwimbaji wa kundi la Lady Antebellum, siku hizi Lady A. Hata hivyo Evans hakuhitaji kusimuliwa habari za kuachana. Oktoba 2006 alidai talaka akiwa katikati ya shindano la dansi la televisheni ambalo Marekani nzima ilikuwa ikilitazama, akajitoa shindanoni. Kufikia wakati anatoa wimbo alikuwa ameshaolewa tena, tangu 2008. Napenda mpangilio huo. Anayekuimbia ameshavuka mto, ila bado anakumbuka baridi ya maji. Kwa ushauri wa mapenzi ningemsikiliza mtu wa namna hiyo kabla ya rafiki ambaye naye ameachwa wiki hii.

Sasa sikiliza jinsi unavyoanza. Mwanamke amechelewa kuamka, maumivu yapo palepale, lakini anapiga mswaki. Mswaki! Anavaa nguo, anajilazimisha kutabasamu, anaelekea kazini. Shangazi yangu hajawahi kumsikia Sara Evans, lakini alipokuwa akinipigia simu siku zile hakuuliza hata mara moja nani alimkosea nani. Aliuliza, "Mwanangu, umeoga? Umekula nini?" Nikisema chai, anauliza chai na nini. Nilikuwa nakasirika, nikiona hajali. Kumbe alikuwa anashikilia kitu pekee ambacho kingeweza kushikika kwa mbali. Basi kama wewe ndiye umeachwa, usianze na moyo. Anza na maji ya moto na sahani ya chakula, hata kama hakina ladha.

Kisha inakuja sehemu ya redio. Yuko ndani ya gari, anafungua redio asahau, na wimbo unaopigwa unamkumbusha huyo huyo. Anausikiliza kidogo, halafu anabadilisha stesheni. Wengi hukumbuka kule kubadilisha na kusahau kwamba alisikiliza kidogo kwanza. Hakujifanya chuma. Ukijizuia usimkumbuke kabisa utashinda siku nzima unapigana na jina lake. Jiruhusu kidogo, kisha zungusha kitufe.

Tatizo ni kwamba Sara ana gari lake. Sisi wa matatu stesheni ni ya dereva. Siku moja, njia ya Njoro, dereva aliweka rumba ambayo mwenzangu alikuwa akiipenda kupita kiasi, na makanga akaanza kuimba huku akigonga sarafu kwenye mlango kufuata mdundo. Nilikuwa nimebanwa dirishani kati ya mama mwenye kuku na mwanafunzi. Pa kukimbilia hapakuwepo. Siku za namna hiyo kubadilisha stesheni ni kazi ya kichwani: nilianza kupanga bajeti ya mwezi, kodi, stima, ada ya mdogo wangu, nikafika kwa deni la dukani na wimbo ukaisha. Hesabu ya madeni haipendezi, lakini inafukuza mapenzi vizuri sana.

Stesheni nyingine ngumu ni simu. Nilikuwa nimemfungia WhatsApp na namba ya kawaida. Basi jioni moja ukaingia ujumbe wa M-Pesa: shilingi ishirini, na jina lake kamili kwa herufi kubwa, hadi la babake. Ishirini! Kwa bahati nilikuwa na deni la Fuliza, ule mkopo wa M-Pesa unaojilipa pesa ikiingia, zikamezwa papo hapo, nami nikacheka kicheko cha kweli baada ya siku nyingi. Ikikutokea, usijibu, na usirudishe hiyo pesa. Ukirudisha, mmeshaanza kuongea. Wala usiwapigie marafiki zako wote kuuliza alimaanisha nini. Alimaanisha shilingi ishirini.

Katika kiitikio Evans anasema amekoma kutarajia kwamba mtu huyo atabadilika. Hapa sitaremba: hapo ndipo pagumu kuliko pote. Kumkosa mtu kunapungua kwenyewe, lakini tumaini lina ujanja, hujificha kwenye vitu vidogo. Kwangu lilijificha kwenye koti lake nililoliacha nyuma ya mlango eti atalipitia. Nililifunga kwenye mfuko wa plastiki nikampa binamu yake alipeleke. Tazama nyumbani kwako, koti lako lipo mahali fulani. Huenda ni mswaki wa pili, huenda ni nenosiri la simu ambalo bado ni tarehe yake ya kuzaliwa.

Usingoje siku rasmi ya kupona. Wimbo wenyewe unasema kwamba unageuka tu na kugundua mwezi umepita na hukulia. Kwangu ilikuwa hivyo hivyo, niligundua nikiwa nakuna nazi. Na kama unaona unachelewa, huu wimbo wenyewe ulitoka Septemba na haukufika namba moja kwenye chati ya kantri ya Billboard hadi Mei 2011. Evans hakuwa ameshika nafasi hiyo tangu 2005.

Ombi moja la mwisho: ukiupenda, usiuweke kwenye status. Kama hujamfungia atauona, ataujibu kwa kiemoji cha moto, nawe utakesha ukitafuta maana ya ule moto.