Jina langu halikutokea

Wiki iliyopita binti mmoja wa Tanga aliniandikia: "Kaka, shikamoo. Nataka kuwa mhariri wa filamu za makala huko Uingereza kama wewe. Nianzie wapi?"

Mdogo wangu, marahaba. Mimi nilianzia jikoni. Studio za kuhariri zimejazana Soho, London, na kazi yangu ilikuwa kuchemsha chai na kubeba diski jengo hadi jengo. Miaka ya kungoja naiacha. Nikapandishwa kuwa msaidizi wa mhariri, wa zamu ya usiku: kupakia picha ghafi kwenye Avid, programu ya kuhariri, na kuoanisha sauti na midomo.

Ndipo ikaja filamu iliyopigwa pwani kwetu. Mwongozaji hajui Kiswahili, mhariri naye hajui; wanategemea karatasi ya tafsiri iliyofupishwa. Bibi mmoja ameketi barazani, anaulizwa juu ya shamba alilonyang'anywa. "Nitawasamehe," anasema. Ananyamaza, anavuta pindo la kanga, analifunga upya. Hapo mhariri alikata, akaweka bahari na muziki mtamu. Kumbe bibi hajamaliza: "Siku watakaponirudishia kaburi la mama yangu."

Nilikirudia kipande kile saa nane za usiku, peke yangu, mwili ukinisisimka. Asubuhi nikamwambia mhariri. Alisogeza kiti, akasema, "Kaa, nioneshe." Tukarudisha sekunde nane. Televisheni ya Uingereza huenda fremu 25, yaani picha moja moja, kwa sekunde, kwa hiyo ni fremu 200 tu, na bibi akapata haki yake.

Siku ya kurushwa niliwapikia rafiki zangu pilau. Majina yakapita. Dereva yumo, hata mwenye mashua yumo. Mimi simo. Niliambiwa nafasi ilikuwa finyu. Mwezi jana jina langu limetokea peke yake kwenye skrini, mhariri, herufi kubwa, na nililia. Lakini lile pilau bado limenikaa kooni.

Mwaka 1942 Stewart McAllister, mhariri, aliandikwa bega kwa bega na mwongozaji Humphrey Jennings kwamba wameiongoza na kuihariri pamoja filamu ya Listen to Britain. Zaidi ya miaka 80 imepita na sisi bado tunaomba tutajwe! Kwa hiyo, kabla hujagusa picha, dai mkataba unaotaja jina lako. Jiunge na Bectu, chama cha wafanyakazi wa fani hii. Dai jina, narudia, na ulidai kwa maandishi.

Na sikiliza. Vijana mnahangaikia programu mpya na rangi za kupendeza, huku mnamkatiza mzee wa watu katikati ya sentensi. Acheni! Yule ameifungua roho yake mbele ya kamera, hana njia ya kuja studio kujitetea.

Binti wa Tanga, Kiswahili cha yule bibi unacho tayari. Nitumie dakika tano ulizohariri mwenyewe, mtu mmoja anazungumza, bila muziki.