Bhanumathi: mwigizaji aliyejiimbia hadi akajitungia

Mkuu, umeuliza kama kweli kuna mwigizaji wa kike aliyewahi kutunga muziki wa filamu mwenyewe, au jina hubandikwa tu. Wapo, na anayenijia haraka ni P. Bhanumathi wa Madras (leo Chennai, kusini mwa India), aliyezaliwa 1925.

Tukisema filamu za Kihindi akili inakimbilia Mumbai, lakini huyu alikuwa wa filamu za Kitelugu na Kitamil, lugha za kusini mwa India. Baba yake alimfundisha muziki wa kale wa kusini tangu utotoni, na 1939 akaanza kuigiza akiwa bado binti mdogo. Baadaye ukashika kasi utaratibu wa mwigizaji kuchezesha midomo huku sauti ikiwa ya mwingine aliyejifungia studio. Yeye akaendelea kuimba nyimbo zake mwenyewe. Kwa maoni yangu utunzi wake ulichipukia hapo.

Nasema hivyo kwa sababu napiga kinanda na nimeshatengeneza muziki wa filamu ndogo ndogo. Mwigizaji asiyeimba ukimpa wimbo anauliza kamera itakuwa wapi. Anayeimba anakuambia, "Shusha sauti kidogo, hapa sina pa kuvutia pumzi." Kuna dada mmoja alichelewesha neno moja tu, akaliangusha baada ya pigo, na kiitikio kilichokuwa kinanisumbua kikakaa chenyewe. Mtu wa hivyo ameshaanza kutunga, hata kama malipo yake ni ya kuigiza tu.

Ila kipaji peke yake kisingemfikisha. Bhanumathi na mumewe, Ramakrishna Rao, walikuwa na kampuni yao, Bharani, waliyoipa jina la mtoto wao. Mwaka 1953 aliongoza *Chandirani*, iliyotoka kwa Kitelugu, Kitamil na Kihindi, na humo akacheza pacha wote wawili. Mwaka uliofuata mumewe akaongoza *Chakrapani*, muziki ukatungwa na Bhanumathi mwenyewe. Kiti cha mtunzi zama hizo kilikuwa cha wanaume karibu wote. Sidhani kama mtayarishaji wa nje angempa kirahisi.

Wapo wanaosema mama huyu alikuwa na kiburi: ni kweli hakuwa mtu wa kuburuzwa, na alilipia. *Missamma* ya 1955 alishaanza kuipiga, wakakosana na mtayarishaji, nafasi ikaenda kwa mwigizaji mwenzake Savitri na ikampaisha. *Nadodi Mannan* ya M.G.R., nyota wa filamu za Kitamil, nayo aliiacha njiani. Lakini ukiwa unaimba, unatunga, unaongoza na studio ni yako, utamnyenyekea nani?

Uzeeni alikuwa mkuu wa chuo cha muziki cha serikali ya jimbo la Tamil Nadu, na 2003 akapewa Padma Bhushan, nishani ya heshima ya serikali ya India, miaka miwili kabla ya kufariki.

Ukitaka kumsikia, anza na *Malliswari* ya 1951. Muziki humo si wake, ni wa S. Rajeswara Rao, ila sauti utaijua. Halafu nenda *Chakrapani*. Ni vichekesho vya mzee bahili, kwa hiyo hata Kitelugu kikikupita hutachoka.