Maswali Yenu: Kumpiga Video Mwimbaji wa Opera

SWALI: Natengeneza video ya sanaa ya dada anayeimba opera, sauti ya soprano. Nataka mwili wake uende taratibu, kama unaelea, ila midomo iendane na wimbo. Nikipunguza kasi kwenye kompyuta, picha inakatakata na midomo inaachana na sauti. Nifanyeje?

JIBU: Ulirekodi fremu 25 kwa sekunde, basi ukizivuta mara mbili hakuna fremu za kujazia. Kazi hii hufanyika wakati wa kurekodi. Rekodi wimbo kwanza, peke yake. Tengeneza nakala yenye kasi mara mbili bila noti kupanda juu, uipige kwenye spika, naye aifuatishe huku kamera ikichukua fremu 50. Picha ikichezwa kwa fremu 25 juu ya wimbo wa kasi ya kawaida, midomo inakaa sawa. Kinachoelea ni nywele, kitambaa na kope.

Tatizo ni kwamba kwa kasi hiyo haimbi, anafumbua kinywa tu. Shingo na mbavu zinalala, na kwenye opera hizo ndizo picha yenyewe. Afadhali fremu 30 na nakala ya kasi 1.2, ambayo ataimudu kwa sauti kamili. Umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo weka shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) sekunde 1/50 au 1/100, la sivyo taa zitapepesa. Tanguliza mlio mfupi kabla ya wimbo, wa kuoanishia picha na sauti. Lenzi pana kwa karibu huvimbisha pua: kaa mita 3 na lenzi ya milimita 85, kiuno hadi kichwa.

SWALI: Maikrofoni ya kifuani inakwaruza akipanda juu, hata nikipunguza sauti kwenye uhariri.

JIBU: Imezidiwa tangu kurekodi, na kilichokatwa hakirudi. Isimamishe mita 2 mbele yake, juu kidogo ya kichwa. Zima urekebishaji wa kiotomatiki wa kiwango cha sauti. Mwache aimbe noti ya juu kuliko zote, upime hiyo: kwenye kipimo cha kinasa sauti, isivuke desibeli -12.

SWALI: Nikiondoa sauti kabisa, itabaki kuwa opera?

JIBU: Msanii Sam Taylor-Wood (sasa Sam Taylor-Johnson) wa Uingereza alifanya hivyo mwaka 2001 katika video yake Mute: kijana anaimba opera, sauti haipo. Mwaka 1994, katika Killing Time, alikuwa amefanya kinyume: skrini nne, watu wa kawaida wakifuatisha kwa midomo Elektra, opera ya Strauss. Ukichagua ukimya, bado aimbe kweli, na sauti uirekodi; utaihitaji kujua wapi pa kukata.